Kufuga kambale Dar es Salaam: mwongozo kamili kuanzia maji hadi mteja

Kambale anaponzwa na sifa zake. Kila mtu amesikia kwamba ni samaki mgumu: anaishi kwenye tope, ana kiungo juu ya mashavu kinachomwezesha kuvuta hewa ya nje, na dimbwi likikauka anajiburuta usiku kwenye nyasi mbichi kutafuta jingine. Yote ni kweli. Sasa mtu wa Tabata au Mbagala anayasikia hayo, anajenga tangi nyuma ya nyumba, anamwaga vifaranga elfu moja, anawarushia makombo ya ugali, na baada ya miezi minane anatoa samaki hamsini wanene na kuanza kumtuhumu mlinzi. Mlinzi hajaiba. Wengi wa wale waliopungua wameliwa na hao hamsini, na waliobaki walikufa taratibu kwenye maji machafu.

Sato maji yakiharibika utamwona alfajiri anahema juu, na kufika saa tatu asubuhi ameshaelea. Kambale atavumilia wiki kadhaa. Anakula kwa shida, hakui, ndevu zinaanza kuoza, lakini ukichungulia anapiga mkia, nawe unasema wazima hawa. Ugumu wake unakuficha shida mpaka imekomaa. Ndiyo maana katika mwongozo huu nitarudi tena na tena kwenye mambo mawili ambayo wafugaji wengi wa mjini huyapuuza: maji, na kuwatenga wakubwa na wadogo.

1. Onja maji kabla ya kununua tofali

Kambale ninayemzungumzia ni Clarias gariepinus, yuleyule anayepatikana karibu kila mto na bwawa la nchi hii. Ni samaki wa maji baridi, na visima vingi vya Dar si vya maji baridi. Kigamboni, Mbweni, Kunduchi, Mbezi Beach, na hata maeneo yaliyo mbali kidogo na pwani, kisima kinaweza kuanza kitamu na baada ya miaka michache ya kuvutwa na pampu kikageuka chumvi, kwa sababu maji ya bahari husogea chini ya ardhi kujaza nafasi iliyoachwa.

Bahari ina takriban gramu 35 za chumvi kwa lita. Kambale anakua vizuri chini ya gramu 2 au 3. Ikipita 5, vifaranga huanza kusumbuka na kudumaa. Ikikaribia 10 usihangaike. Kuna vipimo vidogo vya mkononi vinavyosoma chumvi, na kama unaanza mradi wa maana, nunua kimoja. Usipokuwa nacho, ulimi unasaidia: maji ambayo usingeweza kuyanywa glasi nzima bila kukunja uso, usimwekee kifaranga.

Kisima chenye chumvi kidogo hakijakufungia mlango. Maji ya gramu 6 ukiyachanganya nusu kwa nusu na ya mvua au ya bomba yanakuwa ya gramu 3. Tatizo ni kwamba utalazimika kuchanganya hivyo kila unapobadili maji, kwa miezi yote, pamoja na ile ambayo mvua hainyeshi. Piga hesabu hiyo sasa.

Kabla hujajenga chochote, fanya jaribio la ndoo. Jaza maji yako kwenye ndoo au beseni kubwa, weka vifaranga kumi, funika kwa wavu, wape chakula kidogo, badili nusu ya maji kila siku kwa maji yaleyale. Wakimaliza wiki wanakula kwa pupa, endelea.

2. Kiwanja kilicho kando ya mikoko

Wenye viwanja karibu na vijito vya bahari, kuanzia Ununio na Mbweni hadi Mtoni na Mjimwema, huuliza swali moja: hapa pana tope na pana maji mwaka mzima, kwa nini nisichimbe bwawa la kambale? Ni kweli kwamba masika mafuriko huwashusha kambale hadi midomo ya mito. Lakini kushushwa na maji si kufanya makazi. Mvua zikiisha chumvi inarudi.

Chumvi yenyewe ndiyo shida ndogo. Kubwa ni udongo. Tope la mikoko likiwa limefunikwa na maji halina neno, ingawa linanuka yai viza. Ukilichimba likapigwa na jua, salfa iliyomo hukutana na hewa na kugeuka tindikali. Mvua ya kwanza inaikokota tindikali hiyo hadi bwawani, na kipimo cha pH (kadiri kinavyoshuka ndivyo tindikali inavyozidi), ambacho kambale anakitaka kati ya 6.5 na 8, kinaweza kuanguka hadi 4 au chini zaidi. Samaki wanakufa wote kwa mara moja na mwenye bwawa anadhani amerogwa. Ukiona udongo uliochimbua umetoa madoa ya njano kwenye nyufa zake baada ya kukauka, acha kuchimba.

Halafu kuna sheria. Mikoko yote ya Tanzania bara ni misitu ya hifadhi iliyo chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, na kuikata bila kibali ni kosa hata kama imeota mbele ya nyumba yako. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 nayo inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa bahari, mto au ziwa. Dalali atakuambia vingine. Yeye akishachukua chake haonekani tena.

Kama lazima ufuge huko kwenye chumvi, samaki wa huko ni mwatiko, anayevumilia maji baridi na ya bahari pia, na hufugwa kwenye tambarare tupu nyuma ya mikoko kwa mabwawa yanayojazwa na maji ya bamvua. Huo ni ufugaji mwingine na unataka mwongozo wake. Wala usichanganyikiwe na hongwe, yule samaki wa mikokoni mwenye ndevu na asiye na magamba kama kambale. Miba yake ina sumu, na kwao ni chumvini.

Neno la mwisho kuhusu maji ya bure: usiende Jangwani baada ya mafuriko kuokota kambale wa Mto Msimbazi ili uwafuge. Mto ule unabeba majitaka ya majumbani na ya viwandani, na metali nzito zikishaingia kwenye mwili wa samaki hazitoki kwa kumweka siku mbili kwenye maji safi.

3. Bwawa au tangi

Bwawa la udongo ni rahisi kulihudumia na samaki wake hukua vizuri, lakini linataka udongo wa mfinyanzi. Chukua donge la udongo, lilowanishe, lifinyange liwe mpira, lirushe juu na ulidake. Likibaki zima, chimba shimo la kina cha magoti, lijaze maji jioni na ulifunike. Asubuhi likiwa limepungua kidogo tu, una bahati. Viwanja vya namna hiyo utavikuta kwa viraka pande za Chanika, Pugu na Bunju. Sehemu kubwa ya Dar ni mchanga, na mchanga hunywa maji. Hapo chagua kati ya tangi la tofali na bwawa la turubai zito. Turubai ni nafuu kuanzia, ila kambale ana miiba kwenye mapezi ya kifuani, na panya wakishaonja pembe za turubai hawaachi.

Kwa anayeanza ninapendekeza tangi la tofali la mita 3 kwa 2, ukuta wa mita 1.5, maji ya mita 1. Hilo ni meta za ujazo 6. Lipige lipu laini ndani, maana ukuta wenye makwaruzo unamchubua samaki na kila mchubuko ni mlango wa ugonjwa. Sakafu iteremke kuelekea kona moja, na kwenye kona hiyo weka bomba la kutolea maji la inchi 3, si la inchi 1. Utanishukuru siku ya kwanza utakapotaka kutoa maji ya chini yenye kinyesi bila kutumia ndoo. Juu ya usawa wa maji weka bomba jingine la kumwagia ziada, na mdomo wa kila bomba uwe na wavu.

Nusu mita iliyobaki juu ya maji ni ya lazima. Usiku wa mvua, kambale husikia maji yanatiririka nje na kuanza kutafuta njia ya kutoka. Funika tangi lote kwa wavu uliokazwa kwenye fremu. Wavu huo huo unazuia yangeyange, mdiria, kenge na paka, na zaidi ya yote unazuia mtoto asitumbukie. Kama nyumba yako ina watoto wadogo, au jirani anao, usijaze maji kabla wavu haujafungwa.

Tangi jipya la saruji linatoa chokaa na kupandisha pH hadi kiwango cha kuua vifaranga. Lijaze maji, tumbukiza vipande vya mgomba, yaache siku nne tano, mwaga, rudia kwa wiki mbili. Wenye haraka hupata hasara hapa kabla hata ya kuanza.

Pampu ya hewa huhitaji. Kambale akishapita utoto wake wa wiki za mwanzo anavuta hewa mwenyewe, kwa hiyo umeme ukikatika wewe lala.

Kama utachimba kisima au kuvuta maji ya mto kwa ajili ya mradi, kibali cha kutumia maji kinatolewa na Bodi ya Maji Bonde la Wami/Ruvu. Na kabla ya yote, pita kwa afisa uvuvi wa manispaa yako. Ushauri wake haulipiwi, na mara nyingi anajua nani anauza vifaranga wazuri msimu huo.

4. Maji ya bomba na akiba

Maji ya DAWASA yana klorini, nzuri kwetu, mbaya kwa samaki. Yaweke kwenye chombo kilicho wazi juani siku moja hadi mbili kabla ya kuyaingiza tangini. Chombo kirefu na chembamba kinachelewa kuliko kipana.

Kwa sababu hiyo unahitaji tangi la akiba linalobeba angalau theluthi moja ya maji ya samaki; nusu ni bora zaidi. Anayesema haihitajiki hakuwepo Oktoba 2022, Mto Ruvu ulipopungua na jiji zima likaingia kwenye mgao. Akiba hiyo ifunike kwa chandarua cha mbu, kinachopitisha jua. Mbu anayeeneza dengi anapenda maji masafi yaliyotulia, na jiji hili limeshapata milipuko ya dengi mwaka 2014 na 2019.

5. Vifaranga

Usijaribu kutotolesha mwenyewe mwaka wa kwanza. Kambale hatagi tangini bila kuchomwa homoni, dume hupasuliwa ili kupata mbegu, mayai huanguliwa ndani ya siku moja na nusu hivi kwenye maji ya nyuzi 26 hadi 28, na wale wadogo wanataka chakula hai baada ya siku tatu. Ni kazi ya kituo chenye vifaa na mtu anayelala hapohapo.

Nunua waliofikia gramu 5 hadi 10, urefu wa kidole. Wadogo zaidi ni wa bei rahisi, na utajua kwa nini wiki ya pili. Ukifika kwa muuzaji, usiangalie tangi kwa juu tu. Mwambie awatupie chakula mbele yako: wazuri hukimbilia, wagonjwa huzubaa kwenye kona. Tia wachache kwenye beseni jeupe, tazama ndevu zote nane zipo, mgongo umenyooka, ngozi haina mabaka meupe. Uliza wana umri gani. Kifaranga wa miezi mitatu mwenye ukubwa wa kidole ni aliyedumaa, aliyebaki baada ya wenzake wakubwa kuuzwa, na hatakua sana hata umlishe nini. Wahesabu mwenyewe; wale wanaopima kwa kikombe mara nyingi kikombe chao kina maji mengi.

Wasafirishwe alfajiri wakiwa hawajala tangu jana yake, ndani ya mifuko yenye oksijeni. Ukifika, iache mifuko ielee juu ya maji ya tangi dakika 15 hadi 20 ili joto lilingane, kisha ongeza maji ya tangi kidogokidogo ndani ya mfuko, halafu waache watoke wenyewe. Siku hiyo usiwape chakula.

Wangapi? Kwenye tangi la meta 6 weka 200. Wapo watakaokuambia 600, na Nigeria kweli wapo wanaofuga kwa msongamano mkubwa kuliko huo, lakini wana maji yanayopita mfululizo. Wewe una bomba la mgao. Kwenye bwawa la udongo, watatu hadi watano kwa kila meta ya mraba.

6. Chakula, yaani fedha yako

Zaidi ya nusu ya gharama zote ni chakula, kwa hiyo hapa ndipo faida inapopatikana au kupotea. Kambale kwa asili hula vingi, ila huegemea zaidi kwenye nyama. Vifaranga wanataka chakula chenye protini ya asilimia 40 hadi 45. Wakifika gramu 200 unaweza kushuka hadi 35. Pumba tupu ni kumnyima: atajaza tumbo, atakuwa na kichwa kikubwa na mwili mwembamba, na mteja atauliza kama anauziwa samaki au mkia.

Kipimo cha siku kinatokana na uzito wa samaki wote. Chini ya gramu 10, wape asilimia 8 ya uzito, mara nne kwa siku. Gramu 10 hadi 50, asilimia 5, mara tatu. Gramu 50 hadi 200, asilimia 3 au 4. Baada ya hapo asilimia 2, asubuhi na jioni. Ili kujua uzito, kila wiki mbili chota samaki ishirini bila kuchagua, wapime pamoja kwenye ndoo yenye maji uliyokwisha pima, gawanya. Wakiwa 200 wenye wastani wa gramu 150, wote ni kilo 30, na asilimia 3 yake ni gramu 900 kwa siku.

Namba hizo ni dira tu. Macho ndiyo yanayoamua. Rusha kidogo, ngoja, rusha tena. Wakipunguza kasi, acha, hata kama kipimo hakijaisha. Chakula kilichozama na kubaki kinaoza, na kuanzia hapo unalisha bakteria. Kati ya Juni na Agosti asubuhi huwa na ubaridi, nao hula kidogo. Sogeza mlo wa kwanza hadi jua lipande.

Chakula cha dukani cha kuelea ni ghali lakini hakikudanganyi: kwa wastani kilo 1.2 hadi 1.5 zinatoa kilo moja ya samaki. Ukitengeneza mwenyewe, malighafi za Dar zinajulikana: dagaa, soya, mashudu ya alizeti, pumba za mahindi, na unga wa muhogo wa kushikanisha. Soya ikaangwe au ichemshwe kwanza, maana mbichi inazuia mmeng'enyo. Dagaa wanunue wakiwa wakavu na uwapekue, kwa kuwa gunia la dagaa wa mifugo mara nyingine ni nusu mchanga. Pumba zenye ukungu usizijaribu hata kama umepewa bure. Sumukuvu inaua maini ya samaki kama inavyoua ya kuku.

Funza wa nzi mweusi, wanaofugwa sasa na watu kadhaa hapa mjini kwa taka za sokoni, ni protini nzuri ya kupunguzia dagaa. Na matumbo ya kuku, kutoka sehemu kama Shekilango, yanafaa kwa samaki waliokwisha kukua, kwa sharti moja: yachemshwe, yakatwekatwe, na yaishe ndani ya dakika chache. Yakibaki, tangi litanuka mtaa mzima na mjumbe atakuja kukusalimu.

7. Kutenga wakubwa na wadogo

Kuruka hatua hii ndiko kulikowamaliza samaki wa yule jamaa wa Tabata. Ndani ya kundi moja la umri mmoja, baadhi ya kambale hukua haraka kupita kiasi. Akishamzidi mwenzake vya kutosha kumtia mdomoni, atamla. Mwanzo hung'ata mkia na kumwachia na jeraha. Baadaye humeza mzima kuanzia kichwani. Kila anayemla mwenzake anazidi kukua, na kesho mdomo ni mpana zaidi. Humwoni maiti. Unaona tu chakula kinabaki wakati hesabu ya vifaranga inasema hakitoshi.

Dawa yake ni kazi ya mikono. Kila wiki mbili mpaka wafike gramu 100, kisha mara moja kwa mwezi. Usiwalishe siku moja kabla. Fanya asubuhi na mapema, punguza maji hadi magotini, wakusanye kwa wavu laini. Chukua beseni za plastiki na uzitoboe matundu ya ukubwa tofauti, au tumia jicho lako ukishazoea, uwagawe makundi matatu. Wakubwa wapeleke tangi jingine. Kama huna, kata tangi lako kwa fremu ya wavu mgumu. Wale wachache waliopitiliza, walioota kama wajomba katikati ya wapwa, wapike. Sisemi kwa utani: samaki mmoja wa aina hiyo anakula mtaji kuliko thamani yake sokoni.

Kila unapotenga, hesabu na uandike. Daftari la shilingi mia chache litakuonyesha ni wiki gani ulipoteza samaki, na mara nyingi utagundua ilikuwa ile wiki uliyosema nitatenga Jumamosi ijayo.

8. Kubadili maji

Kambale anavuta hewa, lakini hawezi kukwepa amonia inayotokana na kinyesi chake na chakula kilichooza. Amonia ni kali zaidi maji yakiwa ya moto na pH ikiwa juu, na Dar ni joto karibu mwaka mzima. Usitumie rangi kama kipimo. Maji ya kijani yanaweza kuwa mazima, na meupe yakawa na sumu. Angalia tabia: wakiacha kula ghafla, wakining'inia wima vichwa juu, wakijisugua ukutani, au ukisikia harufu kali puani, toa maji siku hiyohiyo.

Kwa samaki 200 kwenye meta 6, mwezi wa kwanza na wa pili badili theluthi moja mara moja au mbili kwa wiki. Kuanzia mwezi wa tatu badili theluthi moja mara tatu kwa wiki, ukitoa ya chini kupitia lile bomba la inchi 3. Hizo ni lita 2,000 kila mara, lita 6,000 kwa wiki, yaani uniti 6 za maji. Weka kwenye bajeti.

Maji unayotoa ni mali. Yaelekeze kwenye mchicha, matembele, mapapai au migomba, yasiende barabarani. Wapo wafugaji ambao bustani ndiyo inayolipa bili ya maji.

Masika, Machi hadi Mei, mvua kubwa ikijaza tangi hakikisha bomba la kumwagia ziada halijaziba, kagua wavu kabla ya kulala, na zuia maji ya uwanjani yasiingie. Maji yanayopita kwenye vyoo na magereji ya mtaani huyataki.

9. Wakiugua

Magonjwa mengi ya kambale ni maji na msongamano. Mabaka meupe, ndevu zilizooza na vidonda vya mkia hupungua ukibadili nusu ya maji na kuwaogesha kwenye chumvi ya kawaida, gramu 3 hadi 5 kwa lita, dakika 20 hadi 30 huku ukiwatazama. Fuvu kupasuka hutokana na lishe mbovu, hasa ukosefu wa vitamini C, na hutokea zaidi kwa wanaolishwa mchanganyiko wa nyumbani uliokaa muda mrefu. Antibayotiki za kuku usizimwage tangini. Peleka samaki aliye hai kwa afisa uvuvi aangaliwe.

10. Kuvuna, tope na mteja

Miezi sita hadi nane, kama ulilisha na kutenga, utapata samaki wa gramu 600 hadi kilo moja. Usisubiri wote walingane. Anza na wakubwa, wadogo wapate nafasi.

Sasa, watu wa pwani. Waliozoea changu na kibua watakuambia kambale ananuka tope, nao hawakosei. Harufu hiyo hutokana na vijidudu vya majini vinavyotoa kemikali inayoingia kwenye mafuta ya samaki. Inatoka. Siku mbili au tatu kabla ya kuuza, wahamishie kwenye maji safi yasiyo na tope, usiwape chakula, badili maji kila siku. Wafugaji wengi huruka hatua hii kwa kuwa samaki hupungua uzito kidogo, halafu wanalalamika wateja hawarudi.

Mfundishe pia mteja kumwandaa. Ute utolewe kwa majivu, au kwa chumvi na ndimu, kisha asuuzwe kwa maji ya uvuguvugu. Abanikwe kwanza, ndipo aingie kwenye nazi.

Jua nani anakula. Watu wa Kanda ya Ziwa, Kigoma na Kilombero hawahitaji kushawishiwa, Wakongo wanaoishi mjini hali kadhalika. Wasabato hawali samaki asiye na magamba, vivyo hivyo Washia, kwa hiyo mtaa wenye wengi wao si soko lako hata ushushe bei. Mama lishe mmoja anayechukua kilo tano kila Ijumaa ana maana kuliko mtu wa soko la samaki la Feri atakayekupangia bei yake ukiwa umeshafika na samaki.

Silaha yako ni uhai wa samaki. Kambale hufika Kimara kwenye ndoo yenye maji kidogo nyuma ya bodaboda akiwa hai, bila barafu. Mfunike, na mkabidhi mteja aliyekwisha kulipa.

Kuhusu bei, tuseme chakula ni Sh 4,000 kwa kilo na samaki wako wanatumia kilo 1.3. Tayari kila kilo ya samaki imekula Sh 5,200. Ongeza vifaranga, maji, usafiri na waliokufa, ndipo upange bei. Ukiona hesabu inabana, fikiria kukausha: takriban kilo tatu mbichi hutoa kilo moja ya kambale mkavu, anayekaa na kusafiri. Wapasue, walaze kwenye maji ya chumvi, wachuruzike, kisha wabanike kwa moto wa pole mpaka wakauke kabisa. Tumia makumbi ya nazi na matawi ya miembe yaliyopogolewa. Kuni za mikoko zina sifa nzuri jikoni, lakini nimeshasema ni za nani.

Ukimaliza kuvuna, mwaga maji yote, sugua kuta kwa brashi bila sabuni, paka chokaa nyepesi, acha tangi lipigwe na jua wiki nzima likiwa kavu, kisha lisuuze mara mbili. Vifaranga wapya waagize sasa, maana vituo vyenye mbegu nzuri huwa na foleni, hasa vuli inapokaribia.